Sura ya Sita: Mbwa Aliyesusa Studio

Mwizi alivua viatu. Hilo ndilo jambo la kwanza ambalo Inspekta Dagný Ormsdóttir aliliandika kwenye daftari lake, na sasa, Jumatano asubuhi, lilikuwa bado jambo pekee alilokuwa na hakika nalo.

Jumapili theluji ilikuwa imeyeyuka, kijiji kizima cha Kaldeyri kikawa matope matupu. Hata hivyo, Jumatatu sakafu ya studio ilikutwa safi kabisa. Mtu alikuwa ameingia barazani, akavua viatu kama alivyofunzwa na mama yake, akaenda na soksi mpaka kwenye rafu ya tatu, akatoa gurudumu la mkanda wa sauti ndani ya boksi lake, akalirudisha boksi palepale na mfuniko wake, akaondoka zake. Mlango haukuvunjwa kwa sababu haukuwa umefungwa. Ufunguo wake ulipotea tangu jengo lilipokuwa kiwanda cha samaki, na katika miaka yote hiyo hakuna aliyeona haja ya kuutafuta.

"Mwizi mwenye adabu," alisema Dagný, akihangaika kuvua buti zake barazani.

"Mwizi wa hapahapa," alijibu Steinvör Ketilsdóttir kutoka ndani. "Hilo ndilo linaloniuma. Ingia, kahawa tayari. Mruke huyo mzee, hang'ati. Amesusa tu."

Mzee mwenyewe alikuwa Kolur, mbwa mweusi wa kondoo aliyeota ndevu nyeupe, aliyelala juu ya viatu vya watu kana kwamba amekabidhiwa kuvilinda. Alimwangalia Dagný kwa jicho moja, akalifumba.

Dagný alipovuka kizingiti tu, kitu kikamchoma sikioni. Ulikuwa mlio mwembamba, wa juu mno, usiokatika. Kwingine angedhani ni mbu, ila Kaldeyri mbu haishi. Jana yake pia alikuwa ameusikia, akayasingizia mafua yake. Alilibana sikio kwa kidole, akaliachia, akaketi.

Steinvör alikuwa na miaka sitini na mitatu, sweta la sufu lenye viraka viwikoni, na miaka thelathini ya kutunga muziki wa filamu ndogondogo, zile ambazo mwongozaji ndiye dereva na ndiye mpishi. Muziki wake haukuwa wa kuimbika. Uliingia chini ya picha polepole, mpaka mtazamaji akajikuta anahisi baridi bila kujua dirisha gani limeachwa wazi. Waongozaji vijana walikuja kutoka pande zote za nchi kukaa jikoni kwake, na kila mmoja aliondoka akiwa amekula kupita kiasi.

"Nieleze tena," alisema Dagný. "Kwa nini hakuna nakala?"

"Kwa sababu nina kichwa kigumu."

"Nitaandika hivyo."

"Andika, kipenzi. Ukiwa na nakala unakuwa mvivu, unasema nitarekebisha kesho. Mimi napiga kinanda, napiga langspil, nanasa kwenye mkanda mmoja, basi. Ndivyo ninavyofanya tangu wewe unanyonya." Alimsogezea sahani ya kleinur, maandazi yaliyosokotwa, bado ya moto. "Kula."

Langspil ilikuwa mezani kando yao: sanduku refu jembamba lenye nyuzi tatu na upinde wake. Nyuma yake kulikuwa na kinanda cha kukanyaga kwa miguu, mashine ya mikanda, spika mbili, na hita ndogo nyekundu iliyong'aa kuliko kila kitu chumbani. Steinvör aliielekezea viganja.

"Mkanda huo ulikuwa na nini hasa?"

"Dakika kumi na tisa. Na pumzi ya chumba."

"Pumzi ya chumba?"

"Ee. Kabla sijagusa kinanda, naiacha mashine izunguke dakika nzima kila mtu amenyamaza. Kila chumba kina pumzi yake. Ukiulaza muziki juu ya pumzi hiyo, unatulia. Usipoulaza, unaelea tu kama soksi kwenye bwawa." Akacheka mwenyewe. "Zamani hata Kolur alikuwa ananyamaza. Analala hapa miguuni pangu, hatikisi hata mkia. Sasa haingii."

"Tangu lini?"

"Septemba, tulipoenda kuwakusanya kondoo mlimani. Nilimwacha nyumbani kwa ajili ya nyonga zake. Hajanisamehe. Nimempa ini, nimempa samaki mkavu na siagi, nimemwomba radhi kwa magoti. Wapi!" Alisema kwa mzaha, lakini macho yake yalikwenda mlangoni na kukawia huko. Jambo lile lilimuuma kweli, na Dagný aliliona.

Ukutani, juu ya kinanda, palikuwa na picha ya mwanamume mwembamba aliyevaa tai.

"Baba yako?"

"Ketill. Alipiga kinanda kanisani miaka arobaini. Siku moja kamati ya kanisa ikaja na keki. Wakamwambia, kwa heshima zote, kwamba masikio yake yamechoka. Akawashukuru kwa keki. Akafunga mfuniko wa kinanda, na hakukigusa tena hadi anaingia kaburini. Miaka kumi na mmoja, Dagný." Steinvör alifuta makombo mezani kwa kiganja. "Na mimi siku yangu ikifika nitafunga vivyo hivyo. Afadhali hivyo kuliko kuletewa keki."

Mlango wa nje uligonga ukuta. Viatu viwili vilianguka barazani, mbwa akalalamika, na Ögmundur Hjaltason akaingia kama mtu anayekimbiza basi. Alikuwa na miaka ishirini na tisa, mrefu wa kugonga kichwa kwenye boriti, na kofia yake ya sufu ilishuka hadi chini ya masikio. Filamu ilikuwa yake: habari za bibi yake, aliyekuwa akipeleka barua kwa miguu kuvuka mlima kila msimu wa baridi. Alikuwa ameishughulikia miaka mitano. Alimbusu Steinvör shavuni, kisha akamgeukia Dagný.

"Siku mbili! Umepata nini?"

"Mwizi alivua viatu."

"Kila mtu anavua viatu!"

"Ndiyo. Nimebakiwa na washukiwa mia na themanini. Keti, vua kofia, unywe kahawa."

"Siwezi kukaa. Kesho kutwa saa tatu asubuhi nachanganya sauti Reykjavík. Fundi hana nafasi nyingine mpaka Machi, na Machi tamasha limeshapita. Bila muziki filamu yangu ni bibi anayetembea kwenye theluji, basi!"

"Umemwomba fundi akusogezee siku?"

Ögmundur aliivuta kofia chini zaidi. "Bado. Nita... nitampigia."

"Masikini, mtoto wa watu," alisema Steinvör, akimpapasa mkono. "Anahangaika kwa ajili yangu. Hata hita hii ni yeye. Aliileta Septemba, siku ileile aliyoniletea filamu, akasema vidole vyangu visigande. Mama yako alikuzaa vizuri, wewe."

Ögmundur alikuwa mwekundu mpaka shingoni. Alisema anakwenda kupiga simu, akatoka, na kofia yake haikuwahi kupanda hata kidole kimoja. Dagný aliandika maneno mawili kwenye daftari: *kofia* na *fundi*.

Jina lililotajwa zaidi kijijini lilikuwa la mtu mwingine. Jumapili mchana Steinvör alikuwa amebeba mashine yake mpaka ukumbi wa kijiji ili watu waione filamu pamoja na muziki kabla haijakwenda mjini. Kati ya waliohudhuria alikuwamo Ísleifur, mtunzi kutoka Reykjavík, ambaye mtayarishaji wa filamu alimweka akiba kama Steinvör asingemaliza. Jumatatu asubuhi Ísleifur alipanda ndege ya kwanza na boksi bapa kwapani. Ushahidi wa namna hiyo hutokea mara chache, na Dagný alikuwa ameufurahia siku nzima. Aliingia garini, akampigia.

"Boksi?" alisema Ísleifur. "Unanipigia simu ya polisi kwa ajili ya boksi?"

"Lilikuwa na nini?"

"Samaki mkavu! Kilo mbili. Waulize abiria wote, walibadilisha viti. Sikiliza, dada, mimi nimtamani mkanda wa Steinvör wa nini? Nikiupiga, kila mtu nchi hii atajua ni wake kabla sijafika dakika ya pili."

"Uliupendaje muziki wenyewe?"

"Mzuri," alisema Ísleifur, taratibu mno. "Mzuri sana. Kuna... hapana. Mwenyewe atajua."

"Atajua nini?"

"Nina kikao," alisema, akakata.

Dagný aliitazama simu. Mtu aliyekuwa anafoka kwa ajili ya samaki alikuwa amepoa ghafla alipoulizwa kuhusu muziki. Alihesabu mashahidi aliowahoji tangu jana. Watu saba walisema mzuri, na wengi wao walilisema huku wanatazama pembeni. Ofisini kwa mkuu wa bandari, alikokuwa amepewa meza, hakuna ambaye angemwambia zaidi. Kaldeyri mambo hayasemwi ofisini. Aliwasha gari, akaelekea kwenye bwawa la kuogelea.

Aliosha mwili kwa sabuni kama kibao kilivyoamuru, akavaa vazi la kuogelea alilokodishiwa, lililokuwa limechanua maua ya manjano, akapita mbio kwenye upepo wa Novemba na kuzama katika birika la maji ya moto mpaka kidevuni. Ndani alikuwamo Sumarliði, mwalimu mstaafu wa miaka themanini na moja, mwenye kofia ya sufu juu ya kichwa chenye upara. Ukingoni, miguu ikiwa majini, alikaa Hildigunnur, mlinzi wa bwawa, mwanamke wa miaka thelathini.

"Polisi wamevaa maua," alisema Sumarliði. "Sasa nimeona yote, naweza kufa."

"Usife kabla hujajibu. Jumapili ulikuwepo ukumbini?"

"Nilikuwepo. Nililia, Dagný. Mimi, niliyefundisha hesabu miaka arobaini! Pale bibi anapoanguka kwenye theluji na ule muziki unaingia chinichini... Sijapata kusikia kitu laini kama kile."

"Na wewe, Hildigunnur?"

"Mzuri."

"Mzuri tu?"

"Mzuri sana." Hildigunnur alikuwa anatazama vidole vya miguu yake.

"Nimesikia uliondoka katikati."

"Mtoto alikuwa analia."

"Mtoto yupi?" aliuliza Sumarliði. "Mtoto alikuwa kwa mama yako. Nilimwona dirishani."

"Wewe mzee, hebu tulia na maji yako!"

Dagný alisubiri. Mvuke ulipanda, ukawafunika, ukapeperushwa. Katika maji ya moto kusubiri hakumchoshi mtu, na Hildigunnur ndiye aliyekuwa nje akipigwa na upepo.

"Kichwa kiliuma," alisema hatimaye.

"Kwa sababu ya mlio. Mwembamba, wa juu, haukatiki."

Hildigunnur aliinua uso haraka. "Nani kakwambia?"

"Mlio gani?" aliuliza Sumarliði.

Wanawake wawili walimtazama, kisha wakatazamana.

"Nani wengine waliusikia?" Dagný aliuliza kwa sauti ya chini.

"Wote. Kila aliye chini ya miaka hamsini. Tulikaa pale tumeuma meno, na nusu ya ukumbi wanalia kwa furaha. Na yeye amesimama kando ya mashine, anatabasamu." Hildigunnur alijifuta pua kwa mkono. "Hausikii, Dagný. Kabisa. Sisi tuliona siku ile, na mpaka leo hakuna aliyefungua mdomo."

"Kwa nini hamkumwambia?"

"Nani amwambie? Wewe ungeweza? Amenifundisha kinanda tangu nina miaka sita. Mkate wa harusi yangu aliuoka yeye. Hebu niambie nianzie wapi. Tunajua alivyofanya baba yake, na tunajua naye atafanya vivyo hivyo, siku hiyohiyo, bila hata kumaliza kahawa."

"Mlio gani, jamani?" alisema Sumarliði, na safari hii alikuwa ameacha kucheka.

Dagný alitoka majini. Alipokuwa anavaa, kisa kilijipanga chenyewe. Alikuwa ametafuta mtu aliyeutaka muziki ule uwe wake, na hakuna aliyeutaka hivyo. Mwizi alitaka usisikike. Alitaka usifike Reykjavík mbele ya fundi wa sauti, ambaye angeusikia mlio ule katika sekunde ya kwanza na kuusimulia mji mzima kabla ya chakula cha mchana. Mtu kama huyo alikuwa anampenda Steinvör. Hilo halikumpunguzia Dagný washukiwa, maana Kaldeyri nzima ilimpenda. Lakini ni mmoja tu aliyekuwa anapiga kelele kwamba filamu yake imekufa, na bado hajamwomba fundi amsogezee siku. Na ni huyohuyo aliyeingia kwenye studio yenye hita huku kofia imemziba masikio.

Nyumba ya bibi yake Ögmundur ilikuwa mita mia mbili kutoka bwawani. Dagný alivua buti. Barazani, kwenye msumari, ulining'inia mfuko wa barua wa ngozi, uleule wa kwenye filamu, uliobebwa kuvuka mlima mara nyingi kuliko zinavyoweza kuhesabika. Chini ulikuwa na umbo la mduara.

"Barua zimekuwa za duara siku hizi," alisema.

Ögmundur alitoka jikoni bila kofia. Alitazama mfuko, akamtazama Dagný, akateleza ukutani mpaka akakaa sakafuni na miguu yake mirefu ikaziba njia.

"Nilitaka kuurudisha," alisema. "Naapa. Nilifikiri Jumatatu nitaenda mjini Ísafjörður, nina rafiki ana vifaa, tunaufuta ule mlio, mchana narudisha kwenye boksi, hakuna anayejua. Ila yeye huamka saa kumi na moja alfajiri! Saa kumi na mbili ameshapiga simu polisi. Nani anapiga simu polisi saa kumi na mbili?"

"Mtu aliyeibiwa. Mliufuta?"

"Tuliufuta kwenye nakala. Ukaondoka. Na pumzi ya upinde nayo ikaondoka, ile sauti ya nywele za farasi zinapogusa uzi. Ikabaki kama muziki wa lifti." Alifunika uso kwa mikono. "Filamu yangu ya kwanza aliitungia muziki bure, Dagný. Nilikuwa na miaka ishirini na mbili, sijui hata kushika kamera. Alisema nimlipe mguu wa kondoo. Sasa mimi ndiye nimpelekee keki?"

"Kwa hiyo ulikuwa tayari kwenda Ijumaa na kitu gani?"

"Nilikuwa naenda kumwambia fundi kwamba mkanda uliibwa na sina muziki. Filamu itoke hivyohivyo, kimya. Wakiulizwa, muziki wa Steinvör ulikuwa mzuri, bahati mbaya umeibwa."

Miaka mitano ya kazi, na bibi yake akitembea kwenye theluji kimya. Dagný alimwona mpumbavu, na alimpenda kwa upumbavu wake. Alimpa mkono, akamnyanyua.

"Chukua mfuko," alisema. "Twende."

"Usimwambie. Nikamate mimi. Andika niliiba."

"Mimi siandiki uongo. Lakini kuna kitu sijamaliza kukitafuta, na kiko studio."

Steinvör alikuwa anaandika kwa penseli walipofika. Dagný alimwomba Ögmundur asubiri barazani na mbwa. Yeye aliingia, akasimama katikati ya chumba akiwa ameinamisha kichwa, akauacha ule mlio umchome. Akaenda kwenye mashine ya mikanda, akachomoa waya wake. Mlio ukabaki. Akachomoa spika. Ukabaki. Akachomoa taa ya mezani.

"Umeamua kunikatia umeme?" aliuliza Steinvör. "Unatafuta nini huko chini?"

Dagný alikuwa amepiga magoti. Alikuwa amehoji wauaji wawili katika maisha yake, na hakuna lililokuwa zito kama hili.

"Natafuta sauti, Steinvör."

"Sauti gani?"

"Ya juu sana. Iko humu chumbani sasa hivi."

Penseli ilisimama. Steinvör aligeuza kichwa upande mmoja, kisha upande wa pili, kama wanavyofanya wanamuziki wote duniani. Alisikiliza kwa muda mrefu. Dagný aliona jinsi uso ule ulivyokuwa unatafuta, na jinsi ulivyokosa.

"Iko na kwenye mkanda?" aliuliza Steinvör hatimaye.

"Iko."

"Jumapili waliisikia?"

"Vijana waliisikia."

"Ndiyo maana Hildigunnur alitoka." Alikunja mikono mapajani. "Na mimi nilifikiri ni mtoto. Ögmundur! Najua uko hapo, nasikia unavyopumua, hilo bado nalisikia. Ingia na mkanda wangu."

Ögmundur aliingia amebeba mfuko wa bibi yake kwa mikono miwili. Machozi yalikuwa yanamtoka waziwazi na hakujali. Steinvör hakumtazama. Alikuwa anatazama kinanda, na mfuniko wake ulioinuliwa, na picha iliyo juu yake.

Dagný alifika kwenye hita nyekundu. Akachomoa waya.

Mlio ukakatika. Masikio ya Dagný yalilegea kama ngumi inayofunguliwa, na Ögmundur, katikati ya kilio, akasema, "Ah!" Kisha akatazama waya mkononi mwa Dagný, akatazama hita aliyoileta yeye mwenyewe, kwa mikono yake, na rangi ikamtoka.

"Imenyamaza?" aliuliza Steinvör. Kwake hakuna kilichobadilika.

Kabla hawajamjibu, kucha ziligonga sakafu. Kolur alikuwa amesimama kizingitini, masikio juu. Alitanguliza mguu mmoja ndani, akangoja, akatanguliza wa pili. Alivuka chumba kwa nyonga zake mbovu, akampita Dagný, akampita Ögmundur, akazunguka mara mbili chini ya meza, akajitupa juu ya miguu ya Steinvör kwa kishindo.

Steinvör aliweka mkono kinywani. Polisi aliyeleta habari za masikio yake hakuwa amemtoa chozi, lakini mbwa alimtoa.

"Mpumbavu mimi," alisema, akiinama kumshika shingo. "Kumbe ulikuwa unaumwa masikio. Nami nakulaumu kwa kiburi. Nakupa ini! Kolur wangu, kwa nini hukusema?"

"Ni mimi," alisema Ögmundur. "Hita ni mimi. Mlio ni mimi, wizi ni mimi."

"Wewe nyamaza, bado hatujakufikia." Alijifuta uso kwa kiwiko chenye kiraka, akainuka taratibu ili asimsumbue mbwa, akaenda kwenye kinanda. Akaushika mfuniko. Ögmundur aliubana mfuko wa bibi yake kifuani. Juu yao Ketill alitazama chini na tai yake.

"Baba hakuambiwa na mtu aliyejiaibisha kwa ajili yake," alisema Steinvör. "Aliambiwa na kamati." Mkono ulikaa juu ya ule mfuniko. Kisha ukauachia, ukashuka kwenye funguo. "Leo Jumatano. Noti zote ninazo kwenye karatasi. Mna shughuli yoyote mpaka kesho jioni?"

"Sina," alisema Ögmundur.

"Basi vaa soksi za pili, kwa sababu hita yako haiwaki tena humu. Utakaa pale, bila hiyo kofia yako, utanisikilizia sauti za juu. Ukisikia kitu nisichokisikia, unainua mkono. Hunitazami kwa huruma. Unainua mkono tu."

"Ndiyo."

"Na hilo shitaka, Dagný, nalifuta. Andika mkanda umepatikana ndani ya mfuko wa posta. Ni kweli kabisa." Aliweka mkanda mpya kwenye mashine, na vidole vyake vilijua kazi. "Ukitaka kubaki, baki. Lakini wakati wa pumzi ya chumba hata ukipata chafya unaimeza."

Dagný alibaki. Hakuwa na kisingizio cha kikazi, na hakukitafuta. Alikaa kwenye kiti cha dirishani, mafua yake yakiwa mafua ya kawaida tu. Steinvör alibonyeza kitufe, magurudumu yakaanza kuzunguka, na wote watatu wakanyamaza. Chumba kilianza kusikika: bati la paa likijikunja kwa baridi, bahari nyuma ya ukuta. Sekunde ishirini. Arobaini. Ögmundur alikuwa amekaa wima, masikio yake mekundu wazi, mkono tayari pajani.

Sekunde ya hamsini, chini ya meza, Kolur alishusha pumzi ndefu ya mbwa mzee aliyerudi mahali pake.

Ögmundur akainua mkono. "Tuanze upya?" alinong'ona.

"Iache," alisema Steinvör. "Hiyo nimeisikia mwenyewe."